Risiti tatu za Mwanjelwa: kutafuta bei kwa matriksi

Mama lishe watatu wamenunua mahindi, viazi na maharage kwa muuzaji mmoja pale Mwanjelwa, Mbeya. Kila mmoja anakumbuka idadi ya madebe na jumla aliyolipa. Bei ya debe moja moja hakuna anayeikumbuka. Tuite bei hizo m, v na h, kwa maelfu ya shilingi (namba ni za mfano):

m + 2v + h = 79
2m + 3v + h = 103
3m + v + 2h = 142

Andika namba tu, herufi uziache, kisha chora mstari wima badala ya alama ya sawasawa. Hiyo ndiyo matriksi yenye nyongeza (S ni safu, yaani mstari mmoja wa namba kutoka kushoto kwenda kulia):

S1: 1 2 1 | 79
S2: 2 3 1 | 103
S3: 3 1 2 | 142

Asiyenunua viazi mwandikie 0. Ukiruka, namba ya maharage itahamia kwenye viazi na kazi yote imeharibika.

Ichukulie kila safu kuwa ni risiti. Ukiizidisha kwa mbili, madebe yanazidi na fedha vilevile. Ukitoa risiti kwenye risiti, unatoa mzigo na unatoa fedha. Kwa hiyo namba ya kulia ya mstari nayo huguswa kila hatua, wengi huisahau.

Sasa tafuta sifuri chini ya ile 1 ya kwanza. S2 toa 2S1:

S2: 0 −1 −1 | −55

S3 toa 3S1: 1 − 6 = −5, 2 − 3 = −1, 142 − 237 = −95.

S3: 0 −5 −1 | −95

Kisha S3 toa 5S2, ukitumia S2 mpya, si ya mwanzo. Angalia alama: −1 − 5(−1) ni 4, si −6; na −95 + 275 ni 180.

S3: 0 0 4 | 180

Panda kutoka chini: h = 45. Safu ya pili, −v − 45 = −55, hivyo v = 10. Ya kwanza inatoa m = 79 − 20 − 45 = 14. Hakiki kwa risiti ya tatu: 42 + 10 + 90 = 142.

Ukikuta 0 mahali pa namba ya kutegemea, yaani ile unayoitumia kupata sifuri chini yake, badilishana na safu yoyote ya chini isiyo na 0 mahali hapo. Safu ikibaki 0 0 0 | 0, risiti hiyo haikuongeza habari mpya, mathalani mtu alinunua mara mbili ya mzigo wa mwenzake. Majibu hayana idadi, isipokuwa risiti zenyewe zinagongana. Ikitoka 0 0 0 | 6, zinagongana kweli, jibu halipo.

Jambo moja matriksi hailioni: lumbesa. Debe la mmoja likiwa limejazwa hadi kichuguu, risiti tatu bado zitatoa jibu safi na uhakiki utakubali. Itakayoumbua ni risiti ya nne.