Namna ya kupiga filamu fupi ya msiba bila kuonesha maiti

Siku bibi yangu alipofariki mie nilikuwa uani napara samaki, mama akaja akasimama mlangoni hakusema kitu, na mie nimebaki na mikono imejaa magamba sijui nimkumbatie au nikanawe kwanza. Filamu yako ianzie hapo jamani, kwenye mikono yenye magamba, si kwenye jeneza.

Kwa hiyo chagua kazi moja tu ya nyumbani. Tuseme mama anakuna nazi. Weka simu kwenye stendi chini kabisa, usawa wa mbuzi, usiisogeze, acha nazi idondoke kwenye sinia hata dakika nzima mpaka mtazamaji auzoee ule mlio, halafu ndo kipaza sauti cha msikitini kinafunguliwa, tunatangaza kifo cha fulani bin fulani, maziko saa kumi baada ya alasiri. Mkono unasita. Basi. Wengi wanaharibu hapa, wanakimbilia sura ili waoneshe machozi, wanatia na muziki wa huzuni, na kumbe ule mlio wa kukuna uliokatika ndo msiba wenyewe!

Tangazo la kweli la msiba wa watu usilirekodi, si adabu. Mpe mzee mwenye sauti nzuri alisome kwa jina la kubuni, kisha lipige kwenye spika iliyo mbali huko barazani, wewe urekodi ukiwa uani, lisikike linakuja na upepo.

Mambo ya simu mepesi: fremu 25 kwa sekunde, shata (muda ambao kila fremu inapokea mwanga) 1/50 ya sekunde, maana umeme wetu ni wa hezi 50 na ukiweka 30 taa za tyubu zinaweza kuchezacheza. Rekodi pia dakika moja ya uani mtupu bila mtu kusema, kwenye kuhariri utaihitaji sana kuzibia mapengo ya sauti. Kibali cha BASSFU, lile Baraza la Sanaa, Sensa ya Filamu na Utamaduni la huku Zanzibar, kafuatilie mapema.

Shoti ya mwisho mama anajitanda kanga anatoka, kamera inabaki na mbuzi na kifuu kilichokunwa nusu. Huko nje zisikike ndara za wanaume wanapita na jeneza, wanapokezana mabegani, laa ilaha illa Llah inakaribia kisha inafifia. Kuku akija kudonoa ile nazi mwache ale tu, wa kumfukuza keshaondoka.