Kuomba nyaraka za serikali Moshi ukiwa ughaibuni

Kabla hujaandika barua yoyote, angalia pasipoti yako. Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya mwaka 2016 inampa haki hiyo raia wa Tanzania, na uraia pacha kwa mtu mzima nchi haijauruhusu. Ukishaapa kuwa Mmarekani, ombi lako linaweza kukataliwa kwa hilo pekee, hata kama kihamba chenyewe (shamba la ukoo la Wachagga) alikiacha babu yako. Basi dada au mpwa aliyebaki Kibosho aombe, kwa jina lake mwenyewe.

Si kila karatasi inahitaji sheria hii. Kujua kiwanja chenye hati kina jina la nani, unalipia upekuzi kwa msajili wa hati. Hukumu nyingi zipo TanzLII, tovuti ya sheria na hukumu za Tanzania, bure. Sheria inakufaa kwa yaliyofungiwa kwenye majalada: mihtasari ya vikao vya kijiji, jedwali la fidia ya barabara, mkataba wa mkandarasi.

Ukiomba “taarifa zote kuhusu ardhi ya familia yetu” umewapa sababu ya kukuzungusha. Chini ya YAH, taja karatasi yenyewe: nakala ya muhtasari wa kikao cha halmashauri ya kijiji, mwezi na mwaka, ajenda ya kugawa eneo fulani, pamoja na orodha ya mahudhurio. Hiyo orodha watu huisahau, na ndiyo inayoonyesha kama akidi ilitimia.

Anayepeleka barua aende masjala na nakala mbili. Moja igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe, aipige picha akutumie WhatsApp akiwa bado dirishani. Akiambiwa “iache tu, mzee ataiona”, asiondoke. Bila ule muhuri huna pa kuanzia kuhesabu, na sheria hii yote ni hesabu ya siku. Ofisi ina siku 30 za kujibu. Ukinyimwa, una siku 30 za kuomba mkuu wa taasisi apitie uamuzi huo. Naye akikataa, una siku nyingine 30 za kukata rufaa kwa waziri.

Sheria inasema uamuzi wa waziri ni wa mwisho, na wengi hukata tamaa hapo. Mapema mno, kwa maoni yangu. Mahakama Kuu, yenye masjala Moshi na Arusha, bado inaweza kuombwa mapitio ya kimahakama. Kwanza unaomba kibali, ndani ya miezi 6 tangu uamuzi. Jaji ataangalia kama sheria na utaratibu vilifuatwa, basi. Hapa usibanie hela ya wakili.

Arusha ina mahakama mbili kubwa ambazo watu huzichanganya. Ile ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu haipokei tena kesi mpya za mtu binafsi dhidi ya Tanzania, kwani Novemba 2019 serikali ilijitoa kwenye tamko lililoziruhusu, na hatua hiyo ikaanza kazi mwaka mmoja baadaye. Mahakama ya Haki ya Afrika Mashariki inapokea, na haikulazimishi kumaliza ngazi za ndani kwanza. Ila muda wake ni miezi 2 tangu kitendo au tangu ulipokijua, kwa hiyo unaweza kuisha huku bado unamsubiri waziri. Tena mlalamikaji sharti awe mkazi wa nchi mwanachama, kwa hiyo wewe wa Houston au Leicester utarudi kwa yule dada wa Kibosho.