Jinsi ya kuona mizizi ya Kiyahudi ndani ya Injili

Chukua Biblia yako fungua Marko 15, afu weka kidole kingine Zaburi 22. Soma Marko mstari wa 24, askari wanagawana nguo za Yesu kwa kura, sasa rudi Zaburi 22:18, ni kitu kilekile! Wanaotikisa vichwa kwenye 29 wapo Zaburi 22:7, na kile kilio cha 34, Eloi Eloi lama sabakthani (Mungu wangu, Mungu wangu, mbona umeniacha), ni Kiaramu, ndo mstari wa kwanza wa zaburi yenyewe. Yani Marko kaandika kwa Kigiriki ila kichwani kajaa maandiko ya Kiyahudi. Usiishie kwenye kilio, soma zaburi mpaka mwisho, kuanzia mstari wa 22 inageuka sifa, mi hapo huwa natulia kwanza. Ukimaliza fanya hivohivo Luka 4:18 na Isaya 61.