Hukumu ya upande mmoja katika madai ya ajali ya gari: namna ya kuomba itenguliwe

Wengi wanaohukumiwa upande mmoja katika madai ya fidia ya ajali hawakuikimbia mahakama. Ni mwenye daladala aliyedhani mambo yamekwisha dereva wake alipolipa faini ya trafiki, au aliyepokea samansi akaikabidhi kwa wakala wa bima, akakaa akiamini bima itamsimamia. Kesi ya trafiki ni ya Serikali na dereva. Madai ya fidia ni kesi nyingine kabisa, na mdaiwa asipotokea, mahakama humsikiliza mdai peke yake na kuhukumu.

Hukumu hiyo hutenguliwa, yaani huondolewa ili kesi isikilizwe pande zote, chini ya Sheria ya Mwenendo wa Madai, Sura ya 8 ya Sheria za Zanzibar, kwa maombi yanayopelekwa mahakama ileile iliyoitoa. Ikiwa imetolewa Wete, maombi huenda Wete. Usikimbilie rufaa, maana rufaa si mahali pa kueleza kwa nini hukutokea.

Anza na jalada la kesi kabla hujaandika chochote. Omba kwa karani kulipitia, uchukue nakala ya hukumu, mwenendo wa kesi, na juu ya yote kiapo cha mpeleka samansi. Hapa ndipo maombi mengi hushinda au hufa. Soma tarehe na saa ya kupeleka, shehia iliyotajwa, nani aliyemwonesha mpelekaji kuwa huyu ndiye mdaiwa, na saini iliyopo ni ya nani. Samansi ikipitia kwa sheha, muulize sheha mwenyewe. Kiapo kinachosema tu "mdaiwa alikataa kusaini", bila jina la shahidi wala mahali, kina udhaifu wa kuonyesha. Vivyo hivyo samansi iliyoachwa shehia uliyokwisha kuhama.

Tofauti ni kubwa. Ukithibitisha kuwa hukupelekewa samansi kihalali, hukumu haina miguu, kwani hakuna anayehukumiwa bila kuitwa. Kama samansi uliipata, unahitaji sababu ya kutosha iliyokuzuia siku ile ya kusikilizwa: kulazwa hospitali ya Mnazi Mmoja, kufiwa, boti kuzuiliwa na upepo ukiwa Pemba na kesi iko Unguja. Kila sababu iwe na karatasi yake: cheti cha daktari, tiketi, barua. "Nilikuwa na shughuli" haifiki popote, na uzembe wa wakili wako mara nyingi haukubaliwi.

Maombi huambatana na hati ya kiapo. Aape anayelijua jambo kwa macho yake. Kama samansi alipokea mkeo au dereva, naye ale kiapo chake, kwa sababu maneno ya kusikia hayana uzito. Kesi ya Matovu ya Uganda, ya mwaka 1966, ndiyo inayofuatwa: kiapo kibebe ukweli tu, bila hoja za sheria, maoni wala kuiomba mahakama itoe amri. Aya nzuri huwa fupi: "Tarehe inayotajwa kuwa nilipokea samansi nilikuwa nimelazwa. Nakala ya cheti cha kuruhusiwa imeambatishwa."

Ambatisha pia rasimu ya utetezi. Kesi ya Patel dhidi ya E.A. Cargo Handling Services, ya mwaka 1974, inasema utetezi hauhitaji kuwa wa kushinda, inatosha uwe na hoja inayostahili kusikilizwa. Katika ajali hoja hazikosekani. Gari uliliuza kabla ya ajali na hati ya mauziano unayo, ila kadi haijabadilishwa jina. Majeruhi alikatiza ghafla, na mchoro wa polisi unaonyesha hivyo. Au hukatai kosa bali kiasi: gharama mahususi za matibabu lazima zitajwe na zithibitishwe moja moja, kama Mahakama ya Rufani ilivyosema katika Zuberi Augustino dhidi ya Anicet Mugabe. Linganisha risiti zilizomo jaladani na jumla iliyotolewa. Mara nyingi hazilingani.

Kufungua maombi peke yake hakumzuii dalali wa mahakama kukamata gari. Omba hapohapo ukaziaji wa hukumu, yaani utekelezaji wake, usimamishwe, chini ya hati ya dharura inayoeleza kwa nini jambo lisikilizwe haraka, na uwe tayari kuweka dhamana.

Muda wa kuleta maombi haya umewekwa na Sheria ya Ukomo, na ni mfupi. Ukishapita, tangulia na maombi ya kuongezewa muda, ueleze kila siku ya kuchelewa. Katika Bushiri Hassan dhidi ya Latifa Lukio Mashayo, Mahakama ya Rufani ilisema hata siku moja lazima itolewe maelezo. Kwa hiyo andika tarehe uliyoijua hukumu, uliyoomba nakala na uliyoipata.

Usitumie njia hii kuvuta muda. Upande wa pili kuna mtu aliyevunjika mguu anayesubiri haki yake, na tangu Shah dhidi ya Mbogo, mwaka 1967, mahakama humsaidia aliyeteleza kwa bahati mbaya, si anayechelewesha haki kwa makusudi.

Ukikubaliwa, huenda ukaamriwa kulipa gharama za mdai na kuleta utetezi ndani ya siku maalumu. Lipa mapema, chukua risiti, iingizwe jaladani. Amri ya kutengua yenye masharti huweza kuanguka sharti lisipotimizwa, na hukumu ya zamani ikarudi.