Jinsi ya kufuatilia filamu za Florelle, hatua kwa hatua

Ukifungua mtandaoni orodha ya filamu za Florelle, mwigizaji na mwimbaji wa Kifaransa, utakuta majina chungu nzima, mengi ya miaka ya 1930, yamerundikwa bila kueleza lolote. Mimi huandaa maonyesho ya filamu za zamani, na mwigizaji wa kipindi hiki huwa nampanga hivi.

Hatua ya 1: Jina

Florelle ni jina la jukwaani. Alizaliwa Odette Rousseau mwaka 1898 huko Les Sables-d'Olonne, magharibi mwa Ufaransa, akafariki 1974. Unapotafuta, ambatanisha jina lake na la mwongozaji: Pabst, Siodmak, Lang, Renoir. Kumbuka pia kwamba alitokea kwenye kumbi za muziki za Paris. Filamu zilipoanza kusema, yeye kuimba alikuwa anajua tayari.

Hatua ya 2: Tenga matoleo ya lugha

Hapa usiende mbio. Siku zile kubandika sauti ya lugha nyingine juu ya picha kulikuwa bado kazi ngumu, kwa hiyo kampuni zilirekodi hadithi moja mara mbili: mandhari yaleyale, mwongozaji yuleyule, waigizaji wengine. G. W. Pabst alifanya hivyo Ujerumani kwa tamthilia ya muziki ya Bertolt Brecht (maneno) na Kurt Weill (muziki), inayomhusu Polly, binti anayeolewa na jambazi Mackie. Katika toleo la Kijerumani, Die 3-Groschen-Oper, Polly ni Carola Neher. Katika lile la Kifaransa, L'Opéra de quat'sous, yote mawili ya 1931, Polly ni Florelle, na Mackie ni Albert Préjean. Mwaka uliofuata Robert Siodmak akamweka pamoja na Charles Boyer katika Tumultes, ambayo kwa Kijerumani ni Stürme der Leidenschaft ya Emil Jannings na Anna Sten.

Chora safu mbili, kila toleo na pacha wake. Kisha tazama harusi ya Polly na Mackie katika matoleo yote mawili: ghala la bandarini lililojaa mali ya wizi. Neher ni mkavu, utadhani anapiga hesabu ya vile vitu. Florelle anachangamka, anaimba kama mtu aliyezoea kuwa na watu mbele yake. Wapo wanaoliona toleo la Kifaransa kuwa jepesi mno. Mimi nadhani wepesi huo ndio unaomfanya Polly aaminike kama binti aliyependa kweli.

Hatua ya 3: Tazama mbili zaidi

Les Misérables ya Raymond Bernard (1934) ina sehemu tatu na inakaribia saa tano. Florelle ni Fantine, kwa hiyo sehemu ya kwanza inakutosha kwa kazi hii. Liliom ya Fritz Lang, ya mwaka huohuo, inaweza kusubiri.

Usiyoweza kuiruka ni Le Crime de Monsieur Lange ya Jean Renoir. Florelle ni Valentine, mwenye duka la kufulia nguo kwenye ua mmoja na kiwanda cha uchapaji anakofanya kazi Lange. Filamu inaanzia kwenye nyumba ya wageni karibu na mpaka. Watu wa pale wamemtambua Lange kuwa ndiye muuaji anayetafutwa. Lange amelala chumbani. Valentine anakaa nao, anawasimulia kisa chote ili waamue wenyewe kama wamtoe kwa polisi. Kwa hiyo filamu nzima ni maneno ya mwanamke anayemtetea mpenzi wake. Sikiliza anavyosimulia: hasihi wala halii, anaongea kama anayezungumza na wateja wake. Humo pia anaimba, wimbo wenye maneno ya Jacques Prévert na muziki wa Joseph Kosma.

Hatua ya 4: Magazeti

Ingia Gallica, maktaba ya mtandaoni ya Bibliothèque nationale de France, ni bure. Tafuta Comœdia, gazeti la sanaa la wakati huo, weka jina la filamu ndani ya alama za kunukuu, na ubane miaka. Maandishi yale yalisomwa na kompyuta, hivyo herufi zikikosewa jaribu neno moja tu la jina.

Mwisho, tarehe. Orodha nyingine huandika mwaka wa kurekodiwa, nyingine wa kuonyeshwa. Ndiyo maana Lange utaiona ikiwa 1935 huku na 1936 kule. Andika zote mbili.