Jinsi ya kusoma ukurasa wako wa kwanza wa Talmudi

Juzi mdogo wangu anayesoma teolojia kaniambia kaka, hii Talmudi (vitabu vya mijadala ya marabi, yaani walimu wa dini ya Kiyahudi) imenishinda. Tukakaa nayo mpaka usiku, nikaona bora niandike kabisa.

1. Ingia Sefaria, tovuti ya maandiko ya Kiyahudi, ni bure, fungua Berakhot 2a, yaani kitabu cha Berakhot, karatasi ya 2, upande wa kwanza. Usihangaike kutafuta ukurasa wa 1, haupo.

2. Printi ukurasa kwa mpangilio wa chapa ya Vilna, ndio mpangilio unaotumika sana. Simu weka mbali, kwenye simu unaona mistari tu huoni nani anabishana na nani. Katikati ni Mishna (sheria zenyewe) na Gemara (mjadala juu ya Mishna), upande wa mshono wa kitabu ni Rashi, mfafanuzi wa zamani, upande wa nje Tosafot, maelezo ya marabi waliokuja baada yake.

3. Soma Mishna. Inauliza Shema (sala ya "Sikia, Ee Israeli") ya jioni isomwe kuanzia lini. Gemara inadaka palepale: mbona umeanza na jioni badala ya asubuhi? Jibu moja ni Kumbukumbu la Torati 6:7, kulala kunatajwa kabla ya kuamka. Sisi ambao usiku wa Ijumaa kwetu ni Alhamisi jua likishazama, yaani siku inaanza na usiku, hapo hatupati shida.

4. VIFUPISHO. Hapa ndo nilikesha. Nilikutana na ת"ש nikaifungua kamusi ya Kiebrania cha Biblia, neno la karibu nililopata ni tayish, yaani beberu, basi nikakaa masaa mawili natafuta beberu kaingiaje kwenye habari ya sala. Kumbe zile alama mbili ndogo kabla ya herufi ya mwisho maana yake ni kifupisho, hilo ni "ta shma", njoo usikie, na ni Kiaramu wala sio Kiebrania, ukiliona ujue mtu analeta ushahidi. ת"ר ni "tanu rabanan", marabi walifundisha. א"ל ni "amar lei", akamwambia, ila angalia, herufi hizohizo bila alama zinaweza kuwa "el" au "al", maneno mengine kabisa, kwa hiyo alama kwanza ndo usome. Andika vyako kwenye karatasi pembeni, na kamusi tumia ya Jastrow, ni ya lugha ya Talmudi, hiyo ya Biblia irudishe kabatini. Na usisubiri alama ya kuuliza, hakuna, swali unalisikia ukisoma kwa sauti.

5. Sasa nenda kwa Rashi. Zile herufi za ajabu sio mwandiko wake, ni za wachapaji, yeye alifariki 1105. Herufi za sameki (ס) na memu ya mwisho wa neno (ם) zinafanana sana: yenye kona ni memu.

Tosafot ziache kwanza.