Kabla ya kugawana duka au nyumba aliyopanga marehemu

Hitima haijesha, watu washaanza kuulizana habari za shamba. Duka la kupanga pale Langoni halitajwi, kwani "lina mwenyewe". Kumbe kwa madhehebu ya Shafi, yanayofuatwa na Waislamu wengi wa Pwani, ijara, yaani mkataba wa kupanga, haivunjiki kwa kufa mpangaji. Manfaa ya mahali alipopanga ni mali yake, na muda uliobaki warithi huurithi. Kodi aliyokuwa akidaiwa nayo ni deni la marehemu, hulipwa kabla ya yeyote kuhesabiwa fungu lake.

Basi tafuteni mkataba kwanza. Kama ni wa muda maalumu, tazameni umebaki muda gani, na kama kuna sharti linalogusa kifo. Kama ulikuwa wa mdomo, kusanyeni risiti na ujumbe wa M-Pesa wa kodi. Simu ya marehemu iwekwe salama, lakini pesa zilizomo zisiguswe. Kifungu cha 45 cha Sheria ya Urithi ya Kenya kinamkataza mtu kuitia mkono mali ya marehemu bila idhini ya kisheria, na mwenye kufanya hivyo aweza kufungwa au kutozwa faini.

Idhini hiyo yataka cheti cha kifo na barua ya chifu yenye majina ya warithi wote, wakiwemo walio Mombasa na Uarabuni. Waislamu wakiridhia wote huenda kwa Kadhi, kwa mujibu wa kifungu cha 170 cha Katiba ya 2010. Wengine huenda kwa hakimu au Mahakama Kuu ya Malindi.

Duka lina kinga yake. Ikiwa hakuna maandishi, au mkataba wa maandishi hauzidi miaka 5, Sura ya 301 ya Sheria za Kenya, inayohusu upangaji wa maduka, inamlazimu mwenye nyumba anayetaka kuvunja upangaji kutoa notisi isiyopungua miezi 2, kwa fomu iliyowekwa, na mpangaji ana haki ya kuipinga kwenye baraza la upangaji wa nyumba za biashara. Kufuli jipya mlangoni baada ya mazishi si notisi.

Kisha kuna nyumba bila ardhi, na hapa pana mitego. Malindi na Lamu, kama Mombasa, wako waliojenga kwenye kiwanja cha mtu na kumlipa kodi ya ardhi. Kuta, mabati na milango ni vya marehemu, na hugawiwa, kiwanja hakimo. Ndugu akimuuzia mgeni "nyumba na kiwanja chake", ameuza kisicho chake na kuwaingiza wenziwe kesini. Mwenye ardhi aarifiwe mapema kwa barua. Ikiwa ni ardhi ya wakfu, wa kuarifiwa ni mutawalli, yaani msimamizi wa wakfu huo, au Tume ya Wakfu.

Kwa maoni yangu, risiti huvunja udugu kuliko mafungu. Kijana mmoja hujitolea kulipa kodi, risiti zikaanza kutoka kwa jina lake, na baada ya muda mwenye nyumba hamjui mwingine. Tangu mwezi wa kwanza ziandikwe "warithi wa marehemu fulani". Atakayesimama dukani akubaliane na wenziwe kwa maandishi: ujira wake ni upi, na faida inayobaki inagawiwaje. Bidhaa zihesabiwe mbali, na gudwili, yaani thamani ya jina la duka na wateja wake, ikadiriwe mbali. Mjane mwenye watoto ana thumni yake, yaani sehemu moja kwa nane, hata kama hajawahi kukaa kaunta. Mtoto wa kiume hupata mara mbili ya wa kike. Rafu hazikatwi mafungu, kwa hiyo kwa kawaida mmoja hubaki na duka akawalipa wengine.

Na mpangaji aliye hai asidhani atamwandikia duka mwanawe mmoja kwa wasia. Wasia hauvuki thuluthi ya mali, na kwa mrithi haupiti mpaka warithi wengine waridhie.

Mjane asiye na mimba hukaa eda miezi 4 na siku 10 katika nyumba aliyokuwa akiishi na mumewe. Kodi ya miezi hiyo itengwe mapema, na mwenye nyumba aambiwe, asije akamgongea mlango na dalali.

Ile amana aliyoweka marehemu alipoingia nyumbani nayo huingia katika mirathi. Atakayekabidhi funguo asiichukue peke yake.